Ukiitaja Ireland, Itaje Yote

Kuna hoja moja imenichosha, na leo nimeamua kuijibu kwa kirefu ili nikikutana nayo tena niwe na pa kumwelekeza anayeileta. Hutokea kila mjadala wa lugha unapopamba moto. Mtu anatetea Kiswahili kitumike sekondari na chuo kikuu, basi anasimama msomi mmoja, anakohoa kidogo, halafu anasema: "Waangalieni Waairishi. Waliachana na lugha yao, wakakikamata Kiingereza, leo wana tuzo nne za Nobel za fasihi na filamu zao zinatamba hadi Hollywood. Utambulisho haumo kwenye lugha, ndugu zangu." Watu wanatikisa vichwa, mwenyekiti anashukuru, mjadala unafungwa.

Jamani, haujafungwa. Huyo msomi ametuletea nusu ya Ireland akatuambia ni Ireland nzima. Na wala hakuitunga mwenyewe hiyo nusu. Ameipata kwenye usomi wa fasihi na filamu za Ireland, ambao kwa miaka mingi umelitazama taifa lile kwa jicho moja, lile linalosoma Kiingereza. Kwa hiyo leo nina ugomvi na wawili: msomi wetu anayeitumia Ireland kama rungu, na wanazuoni waliomchongea rungu hilo.

Tuanze na neno "waliachana". Mtu huachana na kitu kwa hiari yake. Mwaka 1596 hivi, mshairi wa Kiingereza Edmund Spenser, ambaye alikuwa pia mlowezi mwenye shamba huko Cork, aliandika kitabu kuhusu hali ya Ireland, kikachapwa 1633 akiwa ameshafariki. Humo alitetea kwamba mshindi huidharau lugha ya aliyeshindwa na kumlazimisha ajifunze ya kwake. Hayo ni maneno ya mtu anayepanga, na mipango ikafuata. Mwaka 1737 ikatungwa sheria kwamba shughuli za mahakama za Ireland ziendeshwe kwa Kiingereza tu. Mwaka 1831 zikaanzishwa shule za taifa za kufundisha kwa Kiingereza, katika nchi ambayo mamilioni walikuwa wanaongea Kiairishi nyumbani. Kuna watoto waliovishwa kijiti shingoni, na kila walipoteleza wakasema neno la Kiairishi kijiti kilichongwa alama. Jioni alama zilihesabiwa, na fimbo zikafuata hesabu.

Msomaji uliyesoma shule zetu hizi huhitaji kuelezwa zaidi. Ngũgĩ wa Thiong'o, aliyetutoka mwaka 2025, alikieleza kibao cha aibu cha shule za Kenya katika kitabu chake cha 1986 kuhusu kuikomboa akili, na mwaka 2009, katika "Something Torn and New", akarudi hadi kwa Spenser na Ireland. Aliona kwamba Ireland ilikuwa shamba la majaribio. Kilichofanyiwa kazi kule kikaja kwetu kikiwa kimeshaiva.

Halafu ikaja Njaa Kuu ya 1845 hadi 1852. Viazi vilioza ardhini, watu kama milioni moja wakafa na wengine kama milioni moja wakapanda meli. Njaa ile iliwapiga zaidi maskini wa magharibi, na hao ndio waliokuwa wasemaji wa Kiairishi. Sensa ya 1841 ilihesabu watu zaidi ya milioni 8. Ile ya 1851 ilikuta milioni 6 na nusu, na wasemaji wa Kiairishi milioni 1.5 hivi. Kufikia 1891 wasemaji walibaki takribani 680,000. Ndiyo, wazazi wengi wenyewe walianza kuwakataza watoto kuongea Kiairishi, kwa sababu meli iliyokuwa inamsubiri mtoto bandarini ilikuwa inakwenda kwenye Kiingereza. Lakini mtu akimsimulia mzazi yule kama mfano wa watu "walioamua kuwa wa kisasa", basi hajui njaa ni nini.

Tuje kwenye Nobel nne, maana ndizo zinazowalewesha wengi. William Butler Yeats alipata mwaka 1923, George Bernard Shaw 1925, Samuel Beckett 1969, Seamus Heaney 1995. Hesabu ni sahihi. Sasa tumchukue mmoja mmoja.

Yeats hakujua Kiairishi. Lakini mashujaa na mizimu iliyojaa kazini mwake aliitoa wapi? Ilitoka kwenye hadithi zilizosimuliwa na kuandikwa kwa Kiairishi karne na karne, zikamfikia kwa mikono ya waliojifunza lugha hiyo. Rafiki yake Lady Gregory alijifunza Kiairishi, na mwaka 1902 akatoa kwa Kiingereza visa vya shujaa Cuchulain. Mwenzao wa jukwaani, John Millington Synge, alikwenda visiwa vya Aran mara ya kwanza mwaka 1898, akakaa na wavuvi, akajifunza Kiairishi chao. Kile Kiingereza cha ajabu cha tamthilia zake, ambacho wahakiki wanakisifu kama uvumbuzi, kina mifupa ya sentensi za Kiairishi. Hawa watu walichota maji kisimani, halafu tunaambiwa kisima hakikuwa na kazi!

Shaw aliondoka Dublin akiwa kijana, maisha yake ya uandishi yakawa London. Simlaumu, ila si yeye wa kunithibitishia jinsi taifa linavyobaki na utambulisho wake.

Beckett ndiye ananichekesha. Ile tamthilia yake maarufu ya watu wawili wanaomsubiri Godot aliiandika kwa Kifaransa, ikachapwa Paris mwaka 1952. Riwaya yake ya "Molloy" vilevile ilitoka kwanza kwa Kifaransa, mwaka 1951. Sasa ewe msomi unayemleta Beckett kama shahidi wa Kiingereza, umeona shahidi wako alivyokutoroka?

Na Heaney? Alizaliwa Ireland ya Kaskazini, akajifunza Kiairishi shuleni, na mwaka 1983 akatoa tafsiri yake ya kisa cha kale cha mfalme Sweeney aliyerukwa na akili. Alirudi kisimani mwenyewe, na ndoo yake mkononi.

Hata James Joyce, asiye na Nobel lakini anayetajwa kuliko wote, hakulipita jeraha hilo. Katika riwaya yake ya 1916 kuhusu ujana wa msanii, mwanafunzi Mwairishi anaongea na mkuu wake Mwingereza kuhusu neno dogo tu la jina la mpare, na katikati ya maongezi anahisi kwamba lugha anayoitumia ni ya yule mkuu kabla ya kuwa yake. Kurasa zile zimechambuliwa na wanazuoni kupita kiasi. Wanakaa juu ya jeraha wakilipima urefu na upana, ila lugha iliyokatwa hapo wengi wao hawajifunzi.

Hapo ndipo ninapowageukia. Nisieleweke vibaya, usomi wa filamu za Ireland umefanya kazi kubwa. Mwaka 1987 Kevin Rockett, Luke Gibbons na John Hill walitoa kitabu "Cinema and Ireland", na kilikuwa kama mtu amefungua dirisha katika chumba chenye moshi. Walionyesha kwamba kwa miongo mingi Waairishi waliwekwa kwenye sinema na watu wengine. Kampuni ya Kalem ya Marekani ilifika tangu mwaka 1910 kupiga picha Killarney. Baadaye Hollywood ikaleta Ireland ya majani mabichi, punda na ulevi wa kuchekesha, na sinema za Uingereza zikaleta Ireland ya watu wenye bunduki ambao ukatili umo kwenye damu yao, siasa haihusiki. Wanazuoni hawa walizifumua picha hizo uzi kwa uzi. Wengine wakafuata, akina Martin McLoone na Lance Pettitt mwaka 2000, na Ruth Barton mwaka 2004. Kwa upande wa fasihi, Declan Kiberd alitoa "Inventing Ireland" mwaka 1995, na huyo Kiairishi anakijua na ameandika vitabu kwa lugha hiyo. Naheshimu kazi zote hizo, na ningetamani filamu zetu zingepata watu wa kuzichambua kwa bidii ya namna ile.

Tatizo langu ni mpangilio wa nyumba yenyewe. Vyuoni, kinachoitwa "fasihi ya Ireland" mara nyingi kinasomwa katika idara ya Kiingereza. Kilichoandikwa kwa Kiairishi kina idara yake pembeni, na watu wake, na makongamano yake. Mwanafunzi anaweza kuhitimu akiwa mtaalamu wa utambulisho wa Waairishi bila kusoma ukurasa mmoja kwa lugha yao. Halafu anapewa kiti, anaandika vitabu kuhusu "sauti ya taifa", vitabu vinakuja maktaba zetu, na msomi wetu anavisoma akihitimisha kwamba lugha haina uzito. Kosa likishakaa kwenye mpangilio wa idara, halihitaji mtu mbaya wa kuliendeleza. Linajiendesha.

Mnataka mifano? Chukua "Man of Aran" ya mwaka 1934. Robert Flaherty, Mmarekani, alikwenda visiwani Aran akatengeneza filamu ya baba, mama na mtoto wakipambana na bahari. Ile "familia" haikuwa familia, aliwaokota mmoja mmoja kwa sura zao. Uwindaji wa papa kwa chusa, ambao ndio moyo wa filamu, ulikuwa umeshasahaulika visiwani kwa miongo mingi, ikabidi watu wafundishwe upya kazi ya mababu zao ili kamera ipate cha kupiga. Hayo yote wanazuoni wameyasema. Lakini jambo jingine ni kubwa kuliko chusa. Watu wale lugha yao ilikuwa Kiairishi, na kwenye filamu ile wanasikika wakitupa vipande vya Kiingereza vilivyorekodiwa baadaye studio London.

Sasa sikiliza. Wakiwa huko huko London, Flaherty alipiga filamu nyingine fupi na baadhi ya watu wale wale, wamekaa kwenye moto jioni wakimsikiliza mzee akisimulia hadithi kwa Kiairishi. Inaitwa "Oidhche Sheanchais", maana yake usiku wa hadithi. Ilitoka 1935, nayo inahesabiwa kuwa filamu ya kwanza yenye sauti kwa lugha ya Kiairishi. Ilipotea. Kwa miongo mingi haikuonekana mpaka nakala ilipokutwa chuo kikuu cha Harvard, Marekani, mwaka 2012. Yaani ile ya uongo kuhusu papa ilihifadhiwa, ikapewa tuzo, ikaandikiwa tasnifu. Ile ambayo watu wale wale wanaongea lugha yao ikapotea, na walioandika kuhusu sinema ya Ireland miaka hiyo yote waliandika bila kuiona. Ukitaka hoja yangu nzima kwa tukio moja, ndilo hilo.

Au chukua "The Quiet Man" ya John Ford, 1952, iliyompa Ford Oscar ya uongozaji. Ni kanga ya kijani kuanzia mwanzo hadi mwisho. Lakini katikati kuna dakika moja ambapo mke, Maureen O'Hara, anataka kumweleza padri kwamba mumewe halali naye kitanda kimoja. Anaona aibu kulisema kwa Kiingereza, basi analisema kwa Kiairishi. Mtazamaji wa kawaida hapo anasikia kelele tu, anasubiri ipite. Mimi nasema dakika ile ina Ireland nyingi kuliko mbuga zote za filamu ile. Lugha ilikuwa imesukumwa hadi pale ambapo mtu huongea na padri tu, kuhusu jambo la chumbani. Anayeandika kuhusu utambulisho kwenye filamu hii aanzie hapo, kabla ya farasi na ngumi.

Upande wa riwaya ndiko kunakouma zaidi. Máirtín Ó Cadhain alikuwa mwalimu wa kijijini kutoka Connemara, akafungwa kambini Curragh wakati wa vita kuu ya pili kwa siasa zake. Mwaka 1949 riwaya yake "Cré na Cille" ilianza kutoka gazetini, kwenye Irish Press, kipande kwa kipande, kisha ikatoka kitabu. Wahusika wote ni maiti. Wako makaburini wanagombana. Caitríona Pháidín kazikwa juzi tu, na swali lake la kwanza ni kama wamemzika kwenye eneo la makaburi ya pauni moja au wamembania wakamtupa kwenye ya shilingi kumi na tano, na kama dada yake Nell, ambaye hamwezi hata akiwa mfu, bado anapumua huko juu. Kila maiti mpya anayeshushwa anahojiwa habari za kijiji. Umbea mtupu! Na ndani ya umbea huo kuna kijiji kizima na tabaka zake, na vita vya dunia vikisikika kwa mbali kama radio ya jirani.

Wanaojua wanaiweka riwaya hii meza moja na vigogo wa karne ile. Je, tafsiri ya Kiingereza ilichapwa lini? Mwaka 2015. Ikafuata nyingine 2016. Wanorwei walikuwa nayo kwa lugha yao tangu 1995, Wadenmaki tangu 2000. Kwa zaidi ya miaka 60, msomi asiyejua Kiairishi hakuweza kuisoma kwa Kiingereza, na bado katika miaka hiyo hiyo viliandikwa vitabu kwa makabati kuhusu riwaya ya Kiairishi na nafsi ya Mwairishi. Tuseme ukweli: mtu angeandika kuhusu riwaya ya Kiswahili bila kumsoma Shaaban Robert wala Kezilahabi, tungemwitaje?

Na wapo walioona mapema. Flann O'Brien mwaka 1941 alitoa riwaya ya dhihaka kwa Kiairishi, "An Béal Bocht". Humo bwana mmoja anatoka Dublin na mashine ya kurekodi, anakuja vijijini kutafuta Kiairishi safi kisichochafuliwa. Usiku, gizani, ananasa sauti ya nguruwe. Haelewi kitu, na kwa kuwa haelewi anaamini kapata lugha ya ndani kabisa. Anaipeleka Ulaya, wanazuoni wanaistaajabia, anapewa heshima Berlin. Humo humo kuna mwalimu anayewapiga watoto siku ya kwanza shuleni na kumpa kila mmoja jina lile lile la Kiingereza, Jams O'Donnell. Zaidi ya miaka 80 imepita, na sijasoma uhakiki wa usomi wa utambulisho ulio mkali kuliko nguruwe yule.

Najua majibu yanayokuja, ngoja niyapokee.

La kwanza: "Wasemaji wenyewe wachache, mnataka wanazuoni wafanyeje?" Kweli ni wachache. Sensa ya 2022 ya Jamhuri ya Ireland ilikuta watu karibu milioni 1.9 wanaosema wanakijua Kiairishi, lakini wanaokiongea kila siku nje ya shule walikuwa 71,968. Sasa, kama unachunguza utambulisho wa watu, hiyo tofauti kati ya milioni 1.9 na elfu 72 ndiyo habari yenyewe! Watu wanadai lugha wasiyoiongea, wanaihesabu kuwa yao, wanaiweka kwenye Ibara ya 8 ya Katiba ya 1937 kama lugha ya kwanza rasmi, halafu dukani wananunua maziwa kwa Kiingereza. Mwandishi wa habari yeyote akipewa pengo hilo angelikimbilia.

La pili lina nguvu zaidi, na silikwepi: "Serikali ndiyo iliyokichukiza." Ni kweli. Baada ya uhuru, dola mpya ilikigeuza Kiairishi kuwa mtihani. Hadi mwaka 1973 mwanafunzi aliyefeli Kiairishi alikosa cheti chote cha sekondari, hata kama hesabu kapata zote. Vizazi vikakua vinakihusisha na kiboko na wanasiasa wanaofungua hotuba kwa sentensi mbili za Kiairishi kisha kuendelea kwa Kiingereza. Hilo nalikubali lote, na nawaonya wenzangu wapenzi wa Kiswahili wasidhani sheria inatosha. Ila kosa hilo ni la namna lugha ilivyofundishwa. Halimpi mwanazuoni ruhusa ya kuandika kana kwamba lugha imekufa, maana wenyewe hawakufa. Mwaka 1970 vijana wa Connemara walirusha matangazo ya redio isiyo na leseni kudai haki ya kusikika kwa lugha yao, na 1972 serikali ikaanzisha Raidió na Gaeltachta. Mwaka 1978 Bob Quinn akatoa "Poitín", filamu ndefu ya hadithi iliyoigizwa kwa Kiairishi, na akaweka nini ndani? Mzee mpika gongo na wahuni wawili wanaomwibia. Wala si mashujaa wenye nywele zinazopepea. Mwaka 1996 ikaja televisheni ya Kiairishi, ambayo leo ni TG4.

La tatu ndilo la mtaani: "Filamu ya Kiairishi nani ataangalia?" Hapo naomba turudi Oscar za mwaka 2023. Usiku ule Ireland ilikuwa na filamu mbili kubwa. "The Banshees of Inisherin" ya Martin McDonagh, mzaliwa wa London, ilikuwa na uteuzi mara tisa. Inasimulia kisiwa cha kubuni cha pwani ya magharibi mwaka 1923, na sehemu ya picha zilipigwa Inis Mór, kwenye visiwa vile vile vya Aran. Mwaka 1923 wavuvi wa kisiwa cha namna ile wangegombana kwa Kiairishi. Kwenye filamu wanagombana kwa Kiingereza kuanzia neno la kwanza, na wahakiki wengi wa dunia hilo hawakuliona hata kuliuliza. Ni filamu nzuri, nimeipenda. Iliondoka bila tuzo hata moja, lakini si hoja yangu hiyo.

Filamu ya pili ni "An Cailín Ciúin" ya Colm Bairéad, filamu ya kwanza ya Ireland kuteuliwa kwenye tuzo ya filamu bora ya kimataifa. Mtoto wa kike, kimya, anapelekwa kukaa kwa ndugu majira ya kiangazi mwaka 1981. Hadithi imetoka kwenye kitabu cha Claire Keegan, "Foster" cha 2010, kilichoandikwa kwa Kiingereza. Umeona? Safari hii mto umegeuka, kazi ya Kiingereza ndiyo imepelekwa kwenye Kiairishi. Na haikuwa pambo. Baba wa mtoto, mtu mgumu, anaongea Kiingereza. Nyumba inayompokea inaongea Kiairishi. Mtoto anaelewa pande zote mbili, na mtazamaji anajua penye upendo kwa kusikiliza tu ni lugha ipi inatumika. Hilo kitabu cha Kiingereza hakikuweza kulifanya, kwa sababu kilikuwa na lugha moja. Filamu ile ilipita yuro milioni moja kwenye kumbi za Ireland na Uingereza. Mwaka uliofuata tu, 2024, ikatoka "Kneecap", vijana wa Belfast wakirap kwa Kiairishi, matusi, vurugu na yote, katika mji ambao lugha hiyo ilipata hadhi ya kisheria mwaka 2022. Nani ataangalia? Wameangalia.

Kwa hiyo ile sentensi ya msomi wetu inaanguka kwa ushahidi wa Ireland yenyewe. Waairishi hawakuachana na lugha yao, walinyang'anywa, na sehemu yao hawajaacha kuidai. Waandishi wao wakubwa wa Kiingereza waliishi kwa akiba iliyowekwa na lugha ile, au wakakikimbia Kiingereza chenyewe. Na kazi zilizoandikwa kwa Kiairishi zilikuwapo muda wote, ila waliopewa kazi ya kutuambia Waairishi ni akina nani hawakuwa na uwezo wa kuzisoma.

Hili linatuhusu kwa sababu rahisi. Sisi hatujafika walipofika. Kiswahili kinaongewa na makumi ya mamilioni, sokoni, bungeni, kwenye redio, kwenye sinema za Bongo. Idara za Kiswahili zinatoa tasnifu kwa Kiswahili, na majarida kama Mulika yapo. Lakini angalia usomi wa filamu zetu na muziki wetu, utakuta mwingi uko kwa Kiingereza, unaandikwa kwa ajili ya makongamano ya mbali, na mwigizaji anayechambuliwa hawezi kuusoma. Tunaanza kujenga nyumba yenye mpangilio ule ule, idara mbili, milango miwili, funguo mbili. Ireland ilijengewa nyumba hiyo kwa njaa na fimbo. Sisi tunajijengea wenyewe, kwa hiari, huku tukipigiwa makofi.

Basi, ndugu msomi, siku nyingine ukitaka kuileta Ireland kwenye mjadala, ilete. Ila mlete na Ó Cadhain na maiti wake wanaogombana, mlete mzee wa Aran aliyesimulia kwenye filamu iliyopotea, na mtoto wa 1981 anayesikiliza lugha mbili jikoni. Wakishakaa wote ukumbini, rudia ile sentensi yako kwamba utambulisho haumo kwenye lugha. Tuone kama utaimaliza.